Nilivyomsemea Chui Milia

Wanangu, mnaniuliza koo langu liliharibikia wapi. Liliharibika kwa kufa. Sidhani yuko mtu mwingine hapa mtaani kwetu Beechmont, Louisville, aliyekufa mara nyingi kama mimi. Nimekufa kwa risasi, nimekufa kwa sumu, nimeangushwa kutoka ghorofani, na kila kifo kina sauti yake. Anayekufa kwa sumu husema kwa pumzi ya juu juu, kama mtu aliyepanda mlima. Anayekufa kwa risasi mwache, hata kama mdomo wake kwenye picha bado unachezacheza. Ukimjazia maneno, watu watacheka, na mke wake pale anamlilia.

Kazi yangu ilikuwa kusemea filamu. Niliketi kando ya skrini na kipaza sauti, filamu ya Kichina au ya Kihindi ikipita, nami nikawasemea wote waliomo kwa Kiswahili: bwana harusi, polisi, bibi kizee, hata mbwa ikibidi. Nyinyi leo mnaifanya kwa simu. Mkikosea mnafuta, mnarudia. Sisi picha ikipita ilikuwa imepita, na watu wako mbele yako wanakutazama. Lakini mambo mengine hayajabadilika, na hayo ndiyo nataka kuwaambia, hasa jambo la majina.

Majina ya kigeni hayakai kichwani mwa watu. Mtazamaji akishindwa kukumbuka nani ni nani, filamu imekufa. Kwa hiyo kila mtu anapotokea mara ya kwanza, unampa jina la nyumbani na unasema yeye ni nani. “Huyu ni Bahati, mkwe wa mwenye duka.” Basi, wamemshika. Haya nilifundishwa na mzee Pascal kule kambini Tanzania, tulipokuwa tukingoja miaka na miaka kupelekwa nchi nyingine. Alikuwa na kibanda cha turubai na jenereta iliyokohoa kuliko yeye. Mimi nilikuwa mwanamke pekee aliyethubutu kumwomba kipaza sauti, na alinipa kwa sababu alichoka kuigiza wanawake.

Huyo huyo mzee Pascal siku moja alimpa mwizi wa kwenye filamu jina la jirani yake, kwa mzaha tu. Watu walicheka mpaka turubai likatikisika. Kesho yake watoto wa yule jirani walizomewa kisimani, “Mwizi! Mwizi!”, na mama yao akarudi bila maji. Mzee Pascal hakujitetea. Alichukua madumu akawa anawachotea maji familia ile, mchana kweupe, kila mtu akimwona, mpaka mwenye nyumba mwenyewe akamwambia inatosha. Akaja akaniambia, “Mapendo, jina ni kitu ya mutu. Ukilikopa, ujue utalirudisha namna gani.”

Nilipofika Louisville nilipata kazi ya kufua mashuka katika nyumba ya kutunzia wazee. Kusemea kulikuwa kwa Jumamosi mchana, katika ukumbi wa chini wa kanisa letu. Watu wetu walitoka maghalani na viwandani wamechoka, Kiingereza kimewachosha zaidi, na walitaka kuketi mahali ambapo kila neno linaingia bila kubisha hodi.

Ilikuwa katikati ya miaka ya elfu mbili na kumi, wakati DVD zilikuwa bado zinauzwa madukani. Kule mtaa wa Highview, kwenye safu ya maduka karibu na apatimenti za binti yangu Neema, kulikuwa na duka la Mhindi mmoja, Bwana Selvam, Mtamil. Aliuza mchele, dengu, pilipili za kila aina, na nyuma ya kaunta alikuwa na rafu ya filamu za kwao. Nilimwomba moja yenye hofu lakini isiyo na mambo ya aibu, maana watazamaji wangu wanakuja na wachungaji wao. Akanipa ya chui milia.

Sijui Kitamil hata neno moja, na maandishi ya Kiingereza ya chini ya picha yalikuwa yananikimbia. Kwa hiyo saa za mchana, duka likiwa halina wateja, Bwana Selvam aliiweka kwenye televisheni yake ndogo, akanieleza kwa Kiingereza chepesi, tukisimamisha na kuendelea. Hadithi ilikuwa hivi. Kwenye milima ya mashamba ya chai, chui milia anamla mwanamke aliyekwenda kutafuta kuni. Kijiji chote kinashikwa na hofu. Kisha anakufa mwingine, na mwingine. Lakini hao wengine hakuwala yule mnyama. Wanauawa na mtu wa pale pale kijijini, karani wa mizani ya chai, anayewakwaruza kwa reki ya bustani, ionekane ni makucha, na kuwatupa msituni. Na kila mazishi, yeye ndiye anayelia kuliko wote.

“Bibi yangu kule milimani hakuwahi kumtaja chui milia kwa jina,” Bwana Selvam aliniambia. “Alisema tu Yule Mkubwa.”

“Aliogopa atamwita?”

“Alimheshimu. Alisema, yule anaua akiwa na njaa. Ukiona kifo kisicho na njaa, tafuta mtu.”

Neno hilo niliondoka nalo.

Sasa, kumsemea mnyama kuna taabu yake. Kwanza jina. Kwetu Kivu, mashariki ya Kongo, hatuna mnyama huyo. Wasomi wanasema tigre, Waswahili wa pwani chui milia. Mara ya kwanza nilijaribu “simba mwenye mistari”, mtoto mmoja akauliza kama amevaa pijama, na hofu yote ikaisha pale pale. Pili, sauti. Nilifanya mazoezi ya kunguruma kule kazini, kwenye chumba cha mashine za kufulia, nikidhani kelele zitanificha. Mlango ukafunguka. Bibi mmoja Mzungu, mkazi wa pale, alikuwa amesimama na kitembezi chake, fremu ya chuma ya kushikilia akitembea, ananiuliza kwa upole kama nimeumia na amwite nesi. Baadaye nilijifunza kwamba mngurumo hautoki kooni. Unatoka chini ya mbavu, na unaanza kabla mnyama hajaonekana. Ukingoja mpaka aonekane, umechelewa.

Pale Louisville filamu ilipendeza sana. Watu walisimuliana kwa simu, na wenzetu wa mji wa Columbus wakaniomba niwapelekee, kisha na wa Buffalo, mbali zaidi huko kaskazini. Nilichukua likizo yangu, na Neema akakubali kuendesha gari. Nilimsemesha Kiswahili njia nzima, naye akanijibu Kiingereza njia nzima. Ndiyo mazungumzo yetu.

Columbus tulifikia mtaa wa Linden, katika ukumbi ulio nyuma ya kanisa dogo. Ukumbi ulijaa. Filamu ilikwenda vizuri mpaka kwenye mazishi ya pili. Pale karani wa mizani anamshika mabega mama wa marehemu, anamtazama machoni, naye anasema. Nilimsemea kwa sauti laini, ya mtu mwenye huruma, maana uovu ukipewa sauti ya uovu hauogopeshi mtu. Nikasema, “Ni mnyama, mama. Mimi nilimwona kwa macho yangu. Usimtafute, hakuna kilichobaki.”

“Zimisha!”

Mwanamke alikuwa amesimama katikati ya viti. Wengine walidhani ameugua, wakamshika mkono, akawatoa.

“Zimisha ile kitu!” Akanijia mpaka mbele. “Mama, nani alikuambiaka ile maneno?”

Nikamjibu, “Ni ya mu filamu, mama.”

“Hapana. Ile maneno ilisemwaka kwetu, mu nyumba yetu. Vile vile. Nani alikuambia?”

Nilisimamisha filamu. Siku hiyo hatukuimaliza. Wenyeji walitoa chai, watu wakaondoka wakinong'ona, na mimi nikamfuata yule mwanamke nyumbani kwake, mitaa michache kutoka pale. Jina lake lilikuwa Riziki, Mbembe wa Fizi, mama wa makamo aliyefanya kazi ya kufunga mizigo ghalani. Alinikalisha jikoni, naye akabaki amesimama, ameegemea sinki.

Alinisimulia hivi. Alikuwa na kaka mmoja, Asukulu, aliyefanya biashara ya mawese. Walikuwa wakiyapandisha milimani kwa baiskeli, yeye na rafiki yake Yakobo. Safari moja wakaenda wawili, akarudi Yakobo peke yake. Aliingia ndani, akamshika mama yao mabega, akasema chui amemkamata Asukulu njiani, yeye alimwona kwa macho yake, wasimtafute, hakuna kilichobaki.

“Bon. Mama aliamini,” Riziki akasema. “Mimi nilikuwa binti mudogo, nikanyamaza. Lakini alirudia na baiskeli ya kaka yangu, yenye haina hata mukwaruzo. Mama Mapendo, chui hairudishake baiskeli.”

Akageukia sinki, akakaza bomba lililokuwa likidondoka.

“Na unajua Yakobo iko wapi leo? Iko Buffalo. Ni muzee wa kanisa. Njo yeye iko natayarisha hiyo kikao chako.”

Ni kweli. Mtu aliyekuwa akinipigia simu kutoka Buffalo, mwenye sauti ya taratibu, akiniuliza kama ninakunywa chai na maziwa, alikuwa mzee Yakobo.

Riziki akakaa sasa, akanishika mikono. “Sikuombi umuseme. Uko unabapatia batu ya mu filamu majina. Donc, kule Buffalo, ule mutu wa pili mwenye kuuawa, mupatie jina ya kaka yangu. Asukulu. Basi. Nataka Yakobo asikie kwa masikio yake mbele ya batu.”

Sikumwambia ndiyo, sikumwambia hapana. Nililala pale, na kesho yake tukashika njia ya Buffalo. Siku hiyo nilikuwa kimya kwenye gari hata Neema akazima redio aniangalie. Jina lilikuwa mdomoni mwangu kama punje ya mchanga. Upande mmoja nilimwona Riziki ameegemea sinki lake. Aliomba neno moja tu, na mimi maneno ndiyo kazi yangu. Upande wa pili niliwaona watoto wa kisimani kule kambini. Kama Yakobo aliua, jina lile lilikuwa haki. Kama hakuua, ningekuwa nimemuua mimi, mbele ya wajukuu wake, kwa kipaza sauti. Na jamii yetu Buffalo ni ndogo. Mtu akitiwa doa hana mtaa wa pili wa kuhamia.

Tulifika mchana mapema. Upepo wa ziwani ulikuwa unapukutisha majani, na mzee mwembamba alikuwa ndani ya ukumbi, amevaa koti, anapanga viti. Alikuwa akichechemea kidogo. Alinipokea kwa mikono miwili, akaita “karibu, mama, karibu, mumefika salama?”, akanimiminia chai yenye maziwa. Nilimtazama akirudi kwenye viti vyake, akivinyoosha mstari kama mtu anayetandika kitanda cha mgonjwa. Nikaona siwezi. Siwezi kunywa chai ya mtu kisha nimvizie gizani, na siwezi pia kunyamaza. Nikamwomba Neema akatutafutie mkate dukani.

Tulipobaki wawili nikasema, “Mzee Yakobo, natoka kwa Riziki, dada yake Asukulu.”

Kiti alichokuwa amekishika alikiweka chini polepole sana.

“Iko Amerika?”

“Yuko Columbus. Anasema chui hairudishi baiskeli.”

Alivua kofia. Alitafuta pa kukaa ingawa ukumbi mzima ulikuwa viti. “Bon,” akasema. “Bon.” Kisha, “Hakukuwa chui.”

Nilingoja. Kazi yetu inatufundisha kungoja; anayesema mwenyewe usimwahi.

“Tulikutana na batu na bunduki,” alisema. “Bakachukua mafuta. Asukulu alibishana, unajua, alikuwa kijana wa kubishana. Bakamupiga risasi. Mimi bakanivunja huu muguu na kitako cha bunduki, bakasema: kule chini sema chenye unataka, lakini ukitutaja tutashuka kwa ule mama, tumalize bote benye kubakia. Na balikuwa banajua nyumba. Balimutaja hata Riziki kwa jina.”

“Ukasema chui.”

“Nikasema chui. Chui hakuna mutu atamuendea kulipa kisasi. Nikasema hakuna kilichobaki ili ndugu zake basipande kumutafuta.” Alijipangusa uso kwa kofia. “Lakini alibakia, mama. Mwili wake ilibakia yote. Sikumuacha njiani. Nilimufunga ku baiskeli na kamba ya madumu, nikamushusha na huu muguu wangu mpaka penye udongo ni laini. Njo maana nilirudia na baiskeli. Nilimuzika na mikono.”

Nikamuuliza kwa nini hakusema baadaye, walipokuwa mbali na zile bunduki. Alisema kambini walikuwamo ndugu wa watu wale wale, na Riziki alikuwa kambi nyingine. Kisha akasikia mama amefariki. Kisha miaka. “Uongo ukikaa ni kama mufupa wenye uliunga vibaya,” alisema, akiushika mguu wake. “Unatembea nao. Ukitaka kuunyoosha, lazima uuvunje tena.”

Watu walianza kuingia wakipangusa viatu. Nikamuuliza kama tuache filamu, nitasema nimepatwa na mafua. Akakataa. “Batu bametoka mbali. Onyesha.”

Basi nilionyesha. Mtu wa pili aliyeuawa nilimpa jina ambalo hakuna mtu mle ndani alikuwa nalo. Nililitunga pale pale. Ilipofika mahali pa mazishi, karani alipomshika yule mama mabega, sauti yangu iligoma. Picha ilipita, mdomo wa karani ukacheza, na ukumbi haukusikia kitu. Ni mara ya pekee katika maisha yangu ya kazi nilipoacha sentensi ipite. Watu walidhani nimefanya makusudi, na mama mmoja aliniambia baadaye kwamba kimya kile kilimtia baridi. Mzee Yakobo alikuwa mstari wa mbele. Hakuinua uso mpaka filamu ilipoisha, na yule chui milia, mnyama mzee aliyevunjika jino, akaingia zake msituni.

Tulipokuwa tunakunja nyaya, alinisogelea.

“Mama, mwenye kujua kusema ni wewe. Ukipita Columbus, umwambie Riziki. Utasema vizuri kuliko mimi.”

Na ni kweli ningesema vizuri. Ningeliza mawe. Lakini nilimjibu, “Mzee wangu, wale nawasemea kwa sababu wamo ndani ya kitambaa cha skrini, hawawezi kutoka. Wewe unaweza. Gari letu lina nafasi nyuma.”

Kesho yake baada ya ibada alikuja na mfuko mdogo, amevaa suti. Njia nzima hakusema zaidi ya asante. Neema alimwashia joto la gari miguuni bila kuambiwa.

Linden tulifika jua likiwa bado lipo. Riziki alifungua mlango akanitazama mimi kwanza, akatabasamu, kisha akamwona aliyekuwa nyuma yangu. Tabasamu likaondoka. Hakusema karibu. Alirudi tu nyuma, akauacha mlango wazi, tukaingia.

Tuliketi kwenye meza ya jikoni. Mzee Yakobo akaanza kwa Kiswahili, na alikuwa ananiangalia mimi, kama mshitakiwa anayemwangalia mkalimani wake. “Riziki, mimi nilikuja… nilikuja kwa sababu ya ile siku…” Akakwama. Akaanza tena, akakwama pale pale.

Riziki akampigia meza kwa kiganja. Akamwambia neno kwa Kibembe, fupi, kali. Yule mzee akageuza uso kutoka kwangu, akamtazama yeye kwa mara ya kwanza. Akajibu kwa Kibembe. Na kutoka hapo Kiswahili hakikurudi.

Mimi ni Mshi wa Bukavu. Kibembe sikijui. Nilikaa pale mikono mapajani, mimi niliyesemea Wachina na Wahindi, bila kushika hata neno moja isipokuwa Asukulu, Asukulu, lililokuwa likipita mara kwa mara. Riziki alimkatiza kwa hasira, akasimama, akaenda kuelekea dirishani, akarudi. Mara moja alimpigia kelele hata nikadhani atamfukuza. Mzee hakujitetea kwa sauti. Aliendelea tu, taratibu. Kisha akainua mikono yake miwili mbele ya kifua, ngumi zimefumbwa kama zimeshika usukani wa baiskeli, viwiko vimebana mbavu, mwili umeinama, anarudisha nyuma kitu kizito kisimponyoke mteremkoni. Akashusha bega moja. Akashusha na lingine. Machozi yalikuwa yanamtiririka naye hayafuti, kwa sababu mikono ilikuwa na kazi.

Riziki alikaa. Akazitazama zile ngumi muda mrefu. Akauliza swali, sauti yake ndogo sasa, ya binti. Mzee akajibu. Akauliza jingine. Kisha akanyoosha mikono yake, akazishika zile ngumi mbili, akazishusha mpaka mezani, na hakuziachia.

Niliinuka nikatoka nje bila kuaga. Miaka iliyofuata walikuwa wakipigiana simu. Nasikia hakumsamehe kwa siku moja, alimsamehe kidogo kidogo, na siku nyingine alikuwa akimnyang'anya tena ule msamaha. Mzee alipofariki, Riziki alisafiri Buffalo akakaa na wafiwa. Hayo niliyasikia kwa wengine. Filamu ile sikuisemea tena.

Lakini jioni ile Neema alikuwa ameegemea gari, amejikunyata kwa baridi. Aliona uso wangu, akaniuliza kwa Kiswahili, kibovu chake kile, “Mama, balisema nini mule ndani?”

Nikamwambia sijui.